Rekodi ya saa moja katika baiskeli ni nini?

Rekodi ya saa moja ni umbali mrefu kuliko wote ambao mtu amewahi kuendesha baiskeli uwanjani, peke yake, kwa dakika 60. Hakuna wa kumfukuza, wala mgongo wa kujibanzia upepo usimpige. Anaanza amesimama, anazunguka mpaka muda uishe, mita zinahesabiwa.

Kwa wanaume, Mwitaliano Filippo Ganna aliifikisha kilomita 56.792 huko Grenchen, Uswisi, Oktoba 2022. Mtu wa Malindi aipime kwa barabara: ni kama kutoka mjini ukaikaribia Kilifi, safari ambayo matatu ikishusha na kupakia Gede na Matsangoni huweza kumaliza saa nzima. Ganna aliifanya kwa miguu yake, mizunguko 227 ya uwanja wa mita 250.

Baiskeli ya uwanjani haina breki, haina gia, haina hata friwili. Gurudumu likizunguka, pedeli nazo zinazunguka. Kupumzisha miguu hakuna.

Adui mkubwa ni hewa. Ukipita kilomita 50 kwa saa, nguvu nyingi huishia kuisukuma. Ndiyo maana Mbelgiji Eddy Merckx alikwenda Mexico City mwaka 1972, zaidi ya mita 2,200 juu ya usawa wa bahari, ambako hewa ni nyepesi, akapata kilomita 49.431. Hewa ya moto pia ni nyepesi, kwa hiyo kumbi zenye viwanja hivi hupashwa joto. Joto Malindi tunalo la kugawa, ila tuko ufukweni, na kusi likivuma hata wa kwenda Watamu anashuka akakokota.

Utata uko kwenye sheria. Mwingereza Chris Boardman, aliyetwaa dhahabu ya Olimpiki Barcelona mwaka 1992, aliiweka rekodi hii mara tatu. Ya kwanza ilikuwa Bordeaux mwaka 1993, kilomita 52.270. Mwaka 1996, Manchester, alifika 56.375, mikono kainyoosha mbele kama mpiga mbizi. Mkao huo aliubuni Mskoti Graeme Obree, ambaye mwaka 1993 alivunja rekodi kwa baiskeli aliyoiunda mwenyewe, ndani yake mna beringi za mashine ya kufulia. Mafundi wetu wa chini ya mwembe wangeelewana naye bila mkalimani.

Chama cha kimataifa cha baiskeli, UCI, hakikupendezwa. Kiliupiga marufuku mkao huo, na mwaka 2000 kikaamua rekodi irudi kuwa ile ya Merckx, ifuatwe kwa baiskeli ya kawaida kama yake ya 1972. Boardman akarudi Manchester mwaka huohuo, na usukani wa kawaida, akapata 49.441. Mtu yuleyule, uwanja uleule, pungufu ya karibu kilomita saba, na rekodi ni yake: kamzidi Merckx mita 10. Baada ya hapo akastaafu.

Kwa hiyo ukitajiwa namba ya rekodi hii, uliza kwanza ni ya sheria zipi. Mwaka 2014 UCI iliruhusu tena baiskeli za kisasa za uwanjani, lakini ile 56.375 ikabaki pembeni, si rekodi rasmi, na hakuna aliyeigusa mpaka Ganna alipoipita kwa mita 417. Kwa wanawake, wa kwanza kuvuka kilomita 50 ni Mwitaliano Vittoria Bussi, mwaka 2023, naye pia aliifuata hewa nyepesi ya Mexico, mjini Aguascalientes.