Mali chakavu ya halmashauri: lini kitu cha umma huwa cha kuuzwa

Nyuma ya majengo mengi ya halmashauri huku kusini, mikoa ya Lindi na Mtwara, utakuta mambo yale yale: Land Cruiser iliyokalia matofali, pikipiki zisizo na matairi, trekta lililomezwa na majani hadi usukani. Anayepita huuliza kwa nini wasiuze, watu wapate spea na halmashauri ipate hela. Wengine hawaishii kuuliza. Humfuata dereva au mtu wa stoo wakaulizia bei. Mtu wa stoo hana bei ya kukutajia. Akikutajia, ondoka hapo haraka.

Mali ya ziada ya halmashauri, ambayo kwenye matangazo huitwa mali chakavu au mali zisizohitajika, ni mali ya umma ambayo wenye mamlaka wameshaamua rasmi kwamba haitumiki tena na iondolewe kwenye vitabu. Kinachoifanya iwe ya kuuzwa ni uamuzi ulioandikwa. Gari linaweza kulala bovu miaka 10 na bado likawa mali kamili kwenye rejesta, halina ruhusa ya kwenda popote. Na gari linalowaka vizuri asubuhi linaweza kuwa la ziada, kwa sababu mradi uliolileta umekwisha au idara imepata jingine. Kwa hiyo mnunuzi mwenye akili huanza na karatasi, halafu ndiyo afungue boneti.

Karatasi hizo zina safari yake. Idara inayotumia mali huandika kwamba haina kazi nayo tena. Mali hukaguliwa na kuorodheshwa. Kwa magari na mitambo, mkaguzi wa kawaida ni TEMESA, Wakala wa Ufundi na Umeme. Huko hupatikana hali ya mali na thamani yake. Kisha orodha hupanda vikaoni: menejimenti, Kamati ya Fedha, Uongozi na Mipango, na Baraza la Madiwani. Mkurugenzi Mtendaji ndiye afisa masuuli, yaani ndiye atakayejibu kuhusu kila shilingi, lakini mali si yake, na haamki siku moja akaiuza kwa sahihi yake pekee. Juu ya vikao hivyo kuna Sheria ya Ununuzi wa Umma ya 2023, ambayo licha ya jina lake inagusa pia namna taasisi za umma zinavyoondosha mali kwa zabuni, na kuna taratibu za fedha za serikali za mitaa zilizo chini ya TAMISEMI.

Safari hiyo ni ndefu, na ndiyo sababu magari huoza yakisubiri. Ripoti za Mdhibiti na Mkuu wa Hesabu za Serikali zimekuwa zikirudia hoja ya magari na mitambo mibovu iliyotelekezwa kwenye yadi za halmashauri mbalimbali nchini bila kutengenezwa wala kuuzwa. Kwa maoni yangu hasara ya kuchelewa ni kubwa kuliko watu wanavyodhani, hasa ukanda wetu. Gari lililoachwa nje Mikindani, Lindi mjini au Kilwa Masoko hupigwa na upepo wa bahari wenye chumvi, na chumvi hiyo haingojei kikao cha robo mwaka. Lililokuwa gari la kufufuliwa huishia kuwa chuma cha kupimwa kwenye mizani.

Si kila kitu kisichohitajika huuzwa. Madawati na meza zinazofaa zinaweza kuhamishiwa shule nyingine. Dawa zilizokwisha muda haziingii mnadani kabisa. Huteketezwa kwa utaratibu wa Mamlaka ya Dawa na Vifaa Tiba. Kompyuta huwa na jambo jingine: kumbukumbu za watumishi na wananchi zilizomo ndani lazima zifutwe kwanza. Ukinunua kompyuta ya ofisi ukaikuta imejaa mafaili ya watu, jua kwamba kuna mtu hakufanya kazi yake.

Na kuna vitu ambavyo watu huvichanganya na mali chakavu ingawa havihusiani. Halmashauri inapouza viwanja vilivyopimwa, haiuzi mali iliyoishiwa kazi. Ardhi yote Tanzania ni ya umma, chini ya Rais kama mdhamini, na Sheria ya Ardhi Na. 4 ya 1999 inakupa haki ya kuitumia kwa muda uliowekwa, usiozidi miaka 99. Hata ukinunua jengo kuukuu la halmashauri, kuta ni jambo moja na ardhi iliyo chini yake ni jambo la pili, lenye uthamini wake na hati yake. Nyumba inayopigwa mnada kwa deni la benki, bidhaa za forodha zilizokosa wa kuzigomboa, bodaboda zilizorundikana kituo cha polisi, hizo nazo zina sheria zake na wenyewe wengine. Dalali anaweza kuwa mtu yule yule, kipaza sauti kile kile, lakini haki unayoipata mwishoni ni tofauti. Uliza kwanza mwenye mali ni nani.

Mauzo yenyewe huja kwa sura mbili, na mkulima wa korosho atazielewa haraka kuliko mtu wa Dar es Salaam. Kabla minada ya korosho haijahamia kwenye mfumo wa kielektroniki wa Soko la Bidhaa, tulizoea sanduku: kila mnunuzi anaandika bei yake, anaifunga kwenye bahasha, na bahasha zinafunguliwa mbele ya wakulima. Zabuni ya halmashauri ni hiyo hiyo. Hujui mwenzako ameandika ngapi, na huwezi kuongeza baada ya kufunga bahasha. Mnada wa hadhara ni kinyume chake: bei hupanda kwa sauti, unamwona anayeshindana na wewe, na hatari kubwa ni wewe mwenyewe kupandwa na joto ukapita kiwango ulichojiwekea nyumbani. Kwenye zabuni hupotezi kwa joto. Unapoteza kwa kukisia. Mimi ningechagua zabuni kwa kitu ninachokijua vizuri, kama trekta la aina niliyowahi kuitumia, na mnada kwa vitu vidogo vidogo.

Korosho zinaingia pia kwa njia nyingine. Kuanzia Oktoba hadi Januari hela huwa mikononi mwa watu Newala, Tandahimba, Masasi na Nachingwea. Mnada wa Aprili na mnada wa Desemba si mnada mmoja huku kwetu. Kwa mnunuzi, miezi ambayo mifuko ya watu imekauka ndiyo yenye nafuu. Halmashauri inayotaka bei nzuri ingefanya kinyume, ila sijaona wengi wakipanga kalenda zao hivyo.

Tangazo likitoka, kwenye ubao wa ofisi, tovuti ya halmashauri, gazetini au kwa gari la matangazo, soma masharti kuliko orodha. Sharti la kwanza karibu kila mara ni kwamba mali inauzwa kama ilivyo na mahali ilipo. Maana yake ni nzito: hakuna dhamana, hakuna kurudisha, na injini ikigoma kesho yake huna wa kumlalamikia. Kwa sababu hiyo huwekwa siku za kukagua kabla ya mnada, na kutozitumia ni kununua kwa bahati nasibu. Nenda na fundi. Ingia chini ya gari, gonga fremu, tazama mshono wa milango na sakafu, kwa sababu rangi ya juu inaweza kung'aa wakati chini kumeliwa. Uliza kama injini iliyomo ndiyo iliyokuja na gari. Magari yaliyolala muda mrefu hupungua vifaa kimya kimya: betri, taa, jeki, wakati mwingine hata giaboksi.

Kusini tuna historia yetu ya mitambo iliyonunuliwa bila kutazamwa vizuri. Mwaka 1947 Waingereza walipoanza mpango wa karanga, ambao baadaye ulifika Nachingwea, walikosa matrekta mapya kwa sababu vita vilikuwa vimekwisha juzi tu. Wakanunua mitambo iliyobaki kutoka mabohari ya jeshi la Marekani huko Ufilipino. Mingi ilikuwa imechoka kabla haijagusa udongo wa Tanganyika, na sehemu kubwa ikafia Kongwa ambako kazi ilianza. Mpango wote ukafutwa 1951 baada ya kumeza mamilioni ya paundi. Zilikuwepo sababu nyingine nyingi, mvua na udongo zikiwemo, lakini mitambo ile ilitoa mchango wake.

Sharti la pili ni la fedha. Matangazo mengi ya mali za Serikali hutaka mshindi alipe papo hapo amana ya asilimia 25, na kinachobaki ndani ya siku 14. Ukishinda trekta kwa shilingi 8,000,000, toa 2,000,000 siku hiyo, na 6,000,000 zitafutwe kabla muda haujaisha. Ukishindwa, amana hairudi na trekta linauzwa kwa mwingine. Watu huumia hapa kuliko kwenye ubovu wa gari, kwa sababu hupandisha bei kwa hela ya mkopo ambao bado haujapitishwa. Malipo yawe kwa namba ya kumbukumbu ya malipo ya Serikali, ile inayotolewa na ofisi ya mhasibu, nawe upate stakabadhi. Anayekutaka utume hela kwa namba ya simu ya mtu, hata akijiita afisa ugavi, hata akikutumia picha za magari na barua yenye nembo, ni tapeli. Ujumbe wa aina hiyo huzunguka sana kwenye simu, na dawa yake ni nauli ya kwenda ofisini kuuliza. Mikoa hii miwili ina halmashauri 15, na hakuna hata moja isiyo na ubao wa matangazo.

Nani asinunue? Aliyekagua au kuthamini mali asiwe mnunuzi, wala asijifiche nyuma ya shemeji yake. Diwani au mtumishi mwenye maslahi ana wajibu wa kuyatangaza. Suala hili lina kidonda cha zamani: Serikali Kuu ilipoanza kuwauzia watumishi wake nyumba za umma mwaka 2002, mjadala ulifika bungeni na haukwisha upesi. Upande wa wanunuzi nako kuna mchezo wake. Watu watano wanakubaliana nje ya geti kwamba mmoja tu ndiye apandishe bei, kisha wanagawana baadaye. Wanaita ujanja, lakini sheria inaiona ni njama, na anayeumia ni zahanati au shule ambayo hela hiyo ingeifikia.

Kwenye magari kuna karatasi mbili zinazosahaulika. Gari la halmashauri hubeba namba zinazoanza na SM. Huwezi kuliendesha kama lako na namba hizo. Lazima libadilishiwe usajili TRA lipate namba za mtu binafsi, na kwa hilo unahitaji barua ya halmashauri, hati ya mauzo, stakabadhi na kadi. Linganisha namba ya chesisi iliyo kwenye chuma na iliyo kwenye kadi kabla ya kulipa senti. Zikitofautiana hata tarakimu moja, usikubali kuambiwa itarekebishwa mbele ya safari.

Karatasi ya pili ni ya kodi. Magari mengi ya miradi ya wafadhili, yenye namba za DFP, yaliingia nchini kwa msamaha. Yakienda kwa mtu asiye na msamaha, kodi inadaiwa, na inaweza kufanya gari la bei ya kutupa kuwa ghali kuliko lile la mtaani. Uliza mapema nani analipa, halmashauri au mnunuzi, na jibu liwe kwenye maandishi.

Ukimaliza kulipa, ondoa mali yako. Matangazo huweka siku, na ukizidisha unaweza kutozwa gharama za kuhifadhi, au betri uliyoiona wakati wa ukaguzi ukaikuta imeshapata mwenyewe mwingine. Siku ya kuchukua fika na fundi, pampu ya upepo, mafuta na gari la kuvuta, na hakikisha mlinzi wa getini ameonyeshwa kibali cha kutoa mali chenye namba ile ile iliyo kwenye stakabadhi yako.