Waranti ya mazabodi: yanayosemwa Mwanga, Kigoma, na ukweli wake

Mwalimu mmoja wa Ujiji aliniletea kompyuta ya mezani iliyogoma kuwaka. Kuna fundi alikuwa ameshang'oa kapasita mbili na kuchomelea nyingine. Nikamulika tochi kwenye mazabodi, yaani bodi kuu ya kompyuta, nikaona stika ya mistari yenye namba kando ya nafasi za ram. Nilipoingiza namba ile kwenye tovuti ya mtengenezaji, nikakuta waranti imebaki miezi minne. Huenda angebadilishiwa bodi, lakini iliyoguswa na risasi ya kuchomelea kampuni huikataa. Iliniuma sana, maana hata swali la waranti hakuulizwa.

"Waranti ni ya dukani, ikiisha imeisha." Si kweli. Duka lina yake, mara nyingi fupi, na mtengenezaji ana yake. Mazabodi mpya za kwenye boksi nyingi hupewa miaka 3.

"Taja modeli tu, inatosha." Modeli ni jina la ukoo, bodi maelfu wanalo. Kinachotakiwa ni namba ya siriali, ya bodi hiyo moja. Iko kwenye boksi, na kwenye stika ya bodi yenyewe, wakati mwingine ubavuni mwa soketi kubwa ya umeme yenye pini 24. Kompyuta ikiwa inawaka huna haja ya kuifungua: kwenye PowerShell ya Windows (dirisha la kuandika amri) andika Get-CimInstance Win32_BaseBoard, kwenye Linux sudo dmidecode -t baseboard. Ikileta maneno yasiyo na namba, kiwanda hakikuijaza. Rudi kwenye stika.

Kwa Dell au HP, usihangaike na stika ya bodi. Pale bodi imo ndani ya waranti ya mashine nzima, kwa hiyo tafuta namba ya kasha. Ya Dell ina herufi na tarakimu 7. Mashine za mtumba tunazouziwa hapa mara nyingi waranti yake imeshakwisha, ila kuangalia hakugharimu kitu.

Linalowakatisha wengi tamaa ni hili: "Tovuti imesema imekwisha, basi." Subiri kwanza. Kampuni nyingi, zisipoona ushahidi wa kununua, huhesabu tangu bodi ilipotengenezwa au ilipotoka kiwandani. Bodi iliyokaa ghalani mwaka mzima inaonekana imezeeka kabla hujaigusa. Risiti ya EFD, ile ya mashine ya kielektroniki ya dukani, yenye tarehe ndiyo inayoweza kurekebisha hesabu hiyo. Lakini karatasi yake hufifia kwa joto, na baada ya miezi unabaki na karatasi nyeupe. Ipige picha siku hiyohiyo, stika ikionekana pembeni.

"Radi ikipiga, waranti inalipa." Hailipi. Radi, maji na pini za soketi ya prosesa zilizopinda kwa kawaida haviingii, na ngurumo za ziwani mvua ikianza tunazijua. Chomoa waya ukutani, na wa intaneti pia.

Ukiituma bodi Dar es Salaam kudai waranti, kutoka Kigoma ni zaidi ya kilomita 1,200 kwa reli, hivyo funga mzigo kwa uangalifu. Toa prosesa, ram na feni, rudishia kile kifuniko cha plastiki cha soketi, tia bodi kwenye mfuko wake wa kuzuia chaji, kisha boksi lake. Namba ya siriali baki nayo kwenye simu, maana huko mbele ndiyo watakayokuuliza kwanza.