Mapigo ya Moyo kwa Njiti ya Kiberiti

Filamu nyingi kuhusu mwili wa binadamu hufunguliwa na moyo wa kuchorwa kwenye kompyuta, mwekundu, ukielea hewani. Kwangu huo ni uvivu. Moyo unaonekana kwenye kifundo cha mkono, na kifaa chake ni njiti ya kiberiti.

Finyanga donge la udongo dogo kama punje ya hindi, chomeka njiti isimame wima, ulibandike upande wa kidole gumba, pale muuguzi anapogusa akihesabu mapigo. Mkono ulale mezani, kiganja juu, kitambaa kilichokunjwa kiwe chini ya kifundo. Ukikosea milimita chache, njiti haitikisiki. Donge likiwa zito, linameza mdundo. Mwaka 1860 Mfaransa Étienne-Jules Marey alitengeneza wenzo ulioandika mapigo ya mkono kwenye karatasi yenye masizi. Mwaka 1882 huyohuyo akaunda bunduki iliyopiga picha 12 kwa sekunde. Sinema na kipimo cha mapigo wamenyonya ziwa moja.

Mwanga utoke dirisha moja la pembeni, nyuma pawe peusi. Ukitumia taa, kumbuka umeme wetu ni wa hezi 50, hivyo taa nyingi hupepesa mara 100 kwa sekunde. Ukipiga fremu (picha) 25 kwa sekunde, weka shata, yaani muda wa kila picha kupokea mwanga, iwe 1/50 ya sekunde. Ukiiacha 1/60, picha inaweza kupepesa au kuingia mistari. Na usipunguze mwendo wa picha: mapigo 70 kwa dakika yakigeuka 35, umeonyesha mgonjwa.

Sauti: kata mpira wa stetoskopu, ingiza maiki ndogo ya kola, ziba kwa gundi ya karatasi pasipite hewa. Zima kichujio cha sauti nzito kwenye rekoda, maana moyo wenyewe ni sauti nzito tupu. Spika ya simu haitaitoa vizuri. Sikiliza kwa hedifoni kabla hujalaumu maiki.

Pumzi ndiyo zawadi ya nyanda zetu za juu. Alfajiri za Juni na Julai huko milima ya Uporoto, Mbeya, hewa ya mapafuni ikitoka yenye joto na unyevu inageuka wingu papo hapo. Jua liwe nyuma ya mtu, na nyuma yake kabisa kuwe na mlima ambao bado una kivuli. Aseme “haaa”, mdomo wazi. Akipuliza “fuuu”, pumzi inachanganyika na baridi haraka na wingu linakuwa hafifu. Chai ya moto kabla ya kupiga inasaidia. (Ulanzi, pombe ya mianzi, subirini tumalize kazi.)

Kosa kubwa linakuja baadaye: kamera iliyopoa inapelekwa moja kwa moja jikoni penye moto, lenzi inatoka jasho. Iweke kwenye ndoo yenye mfuniko ukiwa bado nje, ingia nayo, subiri kama nusu saa. Umande utakaa kwenye ndoo.