Mkielewana rufaa ikiwa bado mahakamani, msiishie kupeana mikono

Huku Tanga kesi za mashamba haziishi, ya minazi Pangani, ya machungwa Muheza, ya kiwanja cha urithi hapa mjini, na zikishafika rufaa Mahakama Kuu watu washachoka, wazee wa ukoo wanaingilia kati na mara nyingi wanafanikiwa kabisa. Shida ni yale watu wanayoambiana baada ya hapo.

Baya kuliko yote ni hili: "si tushaelewana, kaiondoe tu rufaa yako." Jamani hapana! Ukiondoa rufaa, hukumu ya chini inabaki hai vilevile. Chukulia Baraza la Ardhi na Nyumba lilimpa shangazi yako shamba lote, ukakata rufaa, mkakalishwa mkakubaliana mgawane nusu kwa nusu, ukaenda ukaiondoa rufaa roho nyeupe. Kwenye makaratasi shamba lote bado ni lake. Shangazi akifariki, anayesimamia mirathi yake akaomba kukazia hukumu, yaani itekelezwe, dalali wa mahakama anakuja na amri mkononi, we una nini cha kumuonyesha? Na muda wa rufaa ulishapita, maana kutoka baraza hilo la ardhi la wilaya kwenda Mahakama Kuu ni siku 45, kwahiyo kurudi ni mpaka uombe kuongezewa muda kwa sababu za maana.

Kinachotakiwa ni makubaliano yaandikwe, pande zote zisaini, yapelekwe kwenye rufaa hiyohiyo, jaji ajiridhishe kwamba ni halali na kila mtu karidhia, ayarekodi na kutoa tuzo, yaani amri rasmi ya mahakama, inayofuata mlichokubaliana. Msingi wake ni Amri ya 23 kanuni ya 3 ya Sheria ya Mwenendo wa Madai, Sura ya 33. Hapo ile nusu yako inakuwa amri ya mahakama, mwenzio akigeuka unakazia, hufungui kesi upya. Ila muandike vizuri, "nusu ya upande wa barabarani" ndo inayozaa kesi nyingine, wekeni vipimo, nani anapakana na nani, minazi iliyopo ni ya nani, gharama za kesi analipa nani na mwisho lini. Na Kiswahili ni lugha ya mahakama kisheria tangu 2021, usisaini Kiingereza usichokielewa.

Wengine wanasema ikishafika rufaa umechelewa, jaji atakasirika. Sio kweli, Katiba yenyewe ibara ya 107A(2)(d) inazitaka mahakama zikuze usuluhishi, na mnaweza kumalizana hata baadhi ya mambo tu, yaliyobaki jaji akaamua.

"Tunaongea, kwahiyo hawawezi kunitoa." Wanaweza. Kukata rufaa peke yake hakusimamishi utekelezaji wa hukumu, sembuse mazungumzo, omba mapema mahakama izuie utekelezaji.

Halafu kuna hii ya "nasaini tu, nikiona nimepunjika nitakata rufaa." Tuzo ya maridhiano haikatiwi rufaa. Ukitaka kuipinga uonyeshe ulitapeliwa au ulilazimishwa, na hiyo ni njia nyingine kabisa na ni ngumu, kujuta hakutoshi. Kwahiyo kama una wasiwasi usisaini siku hiyo, omba tarehe nyingine ukalale nalo.

Na hili la kaka mkubwa kusaini kwa niaba ya ukoo mzima linaniuma kweli, maana dada zetu ndo wanapotezea haki hapo. Anayesaini ni aliyemo kwenye kesi au aliyepewa mamlaka kihalali, mali ya marehemu ina msimamizi wa mirathi, na mrithi ambaye hakushirikishwa anaweza kuja kuyapinga.

Wakili sio lazima, unaweza kusimama mwenyewe, ila kama kitu ni kikubwa mlipe japo akusomee ile hati kabla hamjaingia kwa jaji. Tuzo ikishatoka, fuatilia nakala yenye muhuri na uitunze.