Ukuta wa moyo ukinenepa: maana yake, na vipimo vinavyouonyesha

Hapa Tanga, mtu akirudi Ngamiani na karatasi ya eko (ultrasaundi ya moyo) mkononi, nyumbani swali ni moja: "Wamesemaje?" Naye hujibu, "Wanasema moyo umekuwa mkubwa." Jioni hiyo mtaa mzima unajua, na kila anayepita kumjulia hali ana ndugu yake aliyewahi kuwa na moyo mkubwa.

Tatizo ni kwamba jibu hilo linabeba mambo mawili yanayotibiwa tofauti. Kuna moyo uliotanuka, yaani chemba zake zimepanuka, kuta zimelegea, na nguvu ya kusukuma damu imeshuka. Na kuna moyo ambao ukuta wake umenenepa, huku nafasi ya ndani ikibaki ileile au hata ikipungua. Huu wa pili ndio ninaouzungumzia hapa. Eksirei ya kifua inaweza isiuone kabisa, kwa sababu msuli ulionenepa kwa kuelekea ndani haubadilishi sana kivuli cha moyo kwenye picha. Nimeshasikia watu wakisema "eksirei ilikuwa safi, sasa haya mengine yametoka wapi?" Yalikuwepo siku zote.

Moyo una chemba nne, na inayozungumzwa zaidi katika habari hii ni ventrikali ya kushoto, ile inayosukuma damu kwenye mshipa wa aota kwenda mwili mzima. Kwa mtu mzima mwenye afya ukuta wake una unene wa milimita 6 hadi 10, kwa wanawake hadi 9. Presha ikikaa juu kwa miaka, msuli huo unafanya kazi dhidi ya nguvu kubwa kila pigo, mchana na usiku, na unanenepa kama mkono wa mchukuzi wa mizigo bandarini. Lakini mchukuzi hupumzika jioni. Moyo haupumziki, na msuli wake ukinenepa unakuwa mgumu, makovu madogomadogo yanaingia katikati ya nyuzi, na mishipa midogo ya kuulisha damu haiongezeki kwa kadiri ile ile.

Hapo ndipo penye jambo linalowachanganya wengi. Kwenye karatasi kuna mstari ulioandikwa EF, ambao ni asilimia ya damu inayosukumwa nje kwa kila pigo. Mtu anaweza kuwa na EF ya 65, ambayo ni nzuri tu, na bado akakatika pumzi akiendesha baiskeli kutoka Chumbageni kwenda Sahare. Msuli wake unasukuma vizuri. Kinachoshindikana ni kulegea ili chemba ijae. Damu inayosubiri kuingia inarudi nyuma kwenye mapafu, na mtu anahema.

Kipimo cha kwanza ambacho wengi hukutana nacho ni ECG, na kipo hata kwenye zahanati kadhaa za binafsi. Unalala chali, unabandikwa vibati kumi kifuani na kwenye mikono na miguu, na baada ya dakika chache inatoka karatasi yenye mistari ya kupanda na kushuka kutoka pande kumi na mbili. Kipimo hiki hakipimi unene. Kinapima umeme, na kwa kuwa msuli mnene hutoa umeme mwingi, mawimbi yanakuwa marefu. Tangu mwaka 1949 madaktari wamekuwa wakitumia hesabu ya Sokolow na Lyon: chukua kina cha wimbi la kushuka kwenye V1 (vibati vya kifuani hupewa majina V1 hadi V6), jumlisha na urefu wa wimbi la kupanda kwenye V5 au V6, lile lililo refu zaidi. Ikifika visanduku vidogo 35, yaani milimita 35 za karatasi hiyo, shuku ukuta mnene.

Neno ni "shuku". Kijana mwembamba anayecheza mpira kila jioni anaweza kupita 35 bila tatizo lolote, maana kifua chake hakina nyama ya kuzuia umeme usifike kwenye vibati. Imeshaonekana pia kwamba watu wenye asili ya Afrika huwa na mawimbi marefu zaidi hata wakiwa wazima. Upande wa pili, mama mnene mwenye presha ya miaka kumi na tano anaweza kutoa ECG iliyotulia kabisa huku ukuta wake una milimita 14. Kwa hiyo mashine ikichapa yenyewe juu ya karatasi kwamba moyo umenenepa, usilie; na isipochapa, usishangilie. Kinachomfanya daktari asimame ni pale mawimbi marefu yanapofuatana na wimbi la T, lile dogo linalokuja baada ya wimbi refu, lililopinduka kichwa chini upande wa kushoto wa moyo. Hiyo ni dalili kwamba msuli umeelemewa, na haifai kupuuzwa hata kwa mwanamichezo.

Unene wenyewe unapimwa kwa eko. Historia yake inafaa kusimuliwa katika mji wa bandari. Mwaka 1953 huko Lund, Uswidi, daktari Inge Edler na mwanafizikia Hellmuth Hertz walichukua kifaa cha mawimbi ya sauti kilichotengenezwa kukagua nyufa ndani ya vyuma, aina ileile iliyokuwa ikitumika kwenye viwanda vya meli, wakakielekeza kifuani. Ukuta wa moyo ukaonekana unacheza.

Chumba cha eko huwa na mwanga hafifu. Unavua shati, unalalia ubavu wa kushoto, mkono wa kushoto unauweka chini ya kichwa ili mbavu zifunguke. Jeli ni baridi. Mpimaji anabonyeza kifaa kati ya mbavu, wakati mwingine mpaka panauma kidogo, na anakuambia toa pumzi yote, shikilia hapo hapo. Anasimamisha picha moyo ukiwa umejaa damu, kabla tu haujakaza, kisha anaweka alama mbili ndogo za kujumlisha: moja upande huu wa ukuta, nyingine upande ule. Umbali kati ya alama hizo ndiyo namba utakayoiona. IVSd ni ukuta unaotenganisha kulia na kushoto. PWd, au LVPWd, ni ukuta wa nyuma. Ile "d" mwishoni inakumbusha kwamba moyo ulikuwa umelegea, kwani ukikaza kila ukuta huonekana mnene.

Alama mbili zinawekwa na mkono wa mtu. Zikisogea kidogo, milimita moja inaongezeka au inapungua. Ndiyo maana sioni sababu ya mtu kukosa usingizi kwa sababu mwaka jana alikuwa 11 na mwaka huu ni 12.

Karatasi nzuri haitaishia kwenye unene. Itatoa pia uzito wa msuli ukilinganishwa na ukubwa wa mwili: zaidi ya gramu 115 kwa kila mita ya mraba kwa mwanamume, au 95 kwa mwanamke, umezidi. Itasema kama unene umezunguka sawasawa au umekaa upande mmoja, vali (milango ya damu ndani ya moyo) zikoje, na moyo unajaaje.

Sasa tuseme mzee wa miaka 58 amepata IVSd 15. Ana ugonjwa gani? Kwa namba hiyo peke yake, hakuna ajuaye. Mashine ya eko inaona unene. Sababu inatafutwa kwingine, na mara nyingi kwa kifaa cha bei ndogo kuliko vyote chumbani, mkanda wa presha. "Shikamoo mzee wangu. Presha umeanza lini? Dawa unameza kila siku au ukijisikia vibaya tu?" Jibu la swali hilo la pili, pamoja na habari za ng'onda na papa mkavu wa chumvi, linaweza kueleza milimita zote zile. Presha isiyotulia ndiyo sababu inayoongoza. Vali ya aota ikibana nayo huuzidishia msuli kazi, na eko yenyewe itaionyesha.

Presha ikiwa sawa, vali zikiwa sawa, na ukuta wa mtu mzima umefika milimita 15 au zaidi, daktari anafikiria ugonjwa wa kurithi wa msuli wa moyo, ambao unakadiriwa kumpata mtu 1 katika kila 500. Hapa unene mara nyingi umekaa upande mmoja, kwenye ukuta wa katikati, na unaweza kuziba njia ya damu kuelekea aota. Mpimaji atakuambia ubane pumzi na kujikamua kama mtu aliye chooni, aone kama kizuizi kinaongezeka; tofauti ya presha kati ya ndani ya ventrikali na njia ya kutokea damu ikiwa milimita 30 za zebaki na kuendelea inahesabika kuwa kizuizi. Huu ni miongoni mwa magonjwa yanayowaangusha wanamichezo vijana uwanjani ghafla, na kwetu maneno ya haraka baada ya hapo ni karogwa.

Mwanamichezo mzima naye hunenepa ukuta, lakini ni nadra kuvuka 13. Akiwa kwenye 13 au 14 na hakuna uhakika, njia mojawapo ni kumsimamisha mazoezi kama miezi mitatu na kupima tena. Wa mazoezi hupungua, wa kurithi hubaki.

Kuna pia hali ambayo protini zisizo za kawaida hujipenyeza ndani ya msuli, hasa kwa wazee. Inajulikana kwa kupingana kwa vipimo: eko inaonyesha ukuta mnene, ECG inatoa mawimbi mafupi. Kilichojaza ukuta hapo hakina umeme wa kutoa. Mtu aliyepimwa eko tu, bila ECG, angeweza kuambiwa ni presha na mambo yakaishia hapo.

MRI ya moyo, yaani picha inayopigwa kwa mashine ya sumaku, huhitajika pale eko inapokwama: ncha ya moyo haionekani vizuri, au daktari anataka kujua makovu ni mengi kiasi gani. Kwa watu wa Tanga safari ya namna hiyo kwa kawaida ni ya Dar es Salaam, na jina linaloandikwa kwenye rufaa mara nyingi ni Taasisi ya Moyo ya Jakaya Kikwete, iliyoanzishwa 2015 pale Muhimbili.

Ikithibitika unene ni wa kurithi, kila mtoto wa mgonjwa ana nafasi nusu kwa nusu ya kuwa na jeni inayouleta, na kwa ndugu wa damu milimita 13 tayari zinatosha kuleta wasiwasi. Watoto na ndugu zake hupimwa ECG na eko hata kama hawaumwi chochote, na kwa anayekua hurudiwa kila mwaka mmoja au miwili, kwa sababu unene unaweza kujitokeza anapobalehe.

Ikiwa ni presha, ukuta unaweza kupungua presha ikidhibitiwa, kwa miezi na miaka, si kwa wiki. Eko ya marudio haina haraka. Uende na karatasi ile ya zamani, na ikiwezekana upimwe na mashine ileile.