Lenzi ya 18-55mm haina kosa

Wanaoanza kupiga picha huambiwa mapema kwamba lenzi ya 18-55mm iliyokuja na kamera ni ya kutupa, eti ndiyo inayotia picha ukungu. Si kweli. Chukua Canon EF-S 18-55mm IS STM ya mwaka 2013: mchana, ukiweka tundu lake la kupitishia mwanga f/8 (namba ikiwa ndogo, tundu ni pana zaidi), kope za mtoto na nyuzi za kanga aliyojifunga unaziona moja moja. Ukungu mwingi ninaoonyeshwa hutokana na mkono kutikisika, au shata, yaani pazia la kamera linalofunguka kuingiza mwanga, kuwa ya polepole mno.

Udhaifu wake ni mwanga. Ukivuta picha karibu hadi 55mm, tundu halifunguki kupita f/5.6, ilhali lenzi ya 50mm f/1.8 hupitisha karibu mara 10 ya mwanga huo. Ukipiga harusi za usiku, inunue hiyo. Ya zamani usiiuze.