Kuelewa Matokeo ya Kipimo cha PET: Maswali na Majibu Kuhusu Ufyonzaji wa Kifuatiliaji

Kifuatiliaji ni nini, na kwa nini hukusanyika kwenye saratani?

Kifuatiliaji ni kiasi kidogo cha dawa yenye mionzi ambayo mgonjwa hudungwa kwenye mshipa kabla ya kupigwa picha ya PET, inayoonyesha mahali dawa hiyo ilipokusanyika mwilini. Kinachotumika zaidi kwa wagonjwa wa saratani ni FDG, yaani glukosi iliyobadilishwa kidogo na kuunganishwa na florini-18, ambayo mionzi yake hupungua kwa nusu kila baada ya dakika 110 hivi. Seli huipokea FDG kama zinavyopokea sukari ya kawaida, lakini kwa kuwa haziwezi kuivunjavunja hadi mwisho, hunaswa humo ndani, na mashine huonyesha pale ilipokusanyika. Saratani nyingi hutumia sukari kwa wingi kuliko tishu zinazozizunguka, jambo ambalo mwanasayansi wa Ujerumani, Otto Warburg, alilieleza tangu miaka ya 1920. Hata hivyo, picha hii huonyesha matumizi ya sukari, wala haionyeshi saratani yenyewe, na hofu nyingi zisizo za lazima huanzia pale mgonjwa asipoelezwa tofauti hiyo.

Ripoti yangu imeandika SUV 6. Je, hiyo ni hatari?

SUV ni kipimo cha ufyonzaji, yaani jinsi tishu inavyochukua kifuatiliaji, kinachopatikana kwa kulinganisha kiasi cha kifuatiliaji kilichopo mahali fulani na dozi aliyodungwa mgonjwa, kwa kuzingatia uzito wake. Iwapo dawa ingeenea sawasawa mwilini kote, kila mahali pangekuwa na SUV ya 1. Kwa hiyo 6 maana yake ni kwamba mahali hapo pamekusanya takriban mara sita ya wastani huo. Tarakimu hiyo peke yake haitoshi kumwambia mtu kwamba ana saratani au hana. Wapo watu wanaoamini kwamba SUV ikizidi 2.5 basi uvimbe ni wa saratani, lakini mpaka huo haufai kutumiwa kama hukumu, kwa sababu upo uvimbe usio na madhara unaouvuka na ipo saratani isiyoufikia. Aidha, SUV hubadilika kutokana na kiwango cha sukari katika damu, muda uliopita tangu mgonjwa adungwe, mashine iliyotumika na hata namna picha ilivyochakatwa, na ndiyo maana si busara kulinganisha tarakimu yako na ya mgonjwa mwingine.

Mbona ubongo na kibofu changu vinang'aa sana?

Hiyo ni kawaida. Ubongo hutegemea sana glukosi, na FDG hutolewa mwilini kwa njia ya mkojo, hivyo figo na kibofu lazima vionekane. Moyo na utumbo pia huweza kung'aa, na utumbo huzidi kwa wanaotumia metformini, dawa ya kisukari. Ripoti ikisema ufyonzaji ni wa kifiziolojia, inamaanisha ni wa kazi ya kawaida ya mwili.

Je, kila panapofyonza isivyo kawaida pana saratani?

Hapana, na hili linastahili kusisitizwa. Seli za kinga zinazopambana na maambukizi hutumia sukari kwa kasi pia, kwa hiyo kifua kikuu, nimonia, sarkoidosisi (ugonjwa wa vivimbe vya seli za kinga), kidonda cha upasuaji kinachopona na mfupa uliovunjika karibuni vyote huweza kung'aa. Chanjo ya mkononi inaweza kufanya tezi za limfu za kwapani zifyonze kwa wiki kadhaa, kwa hiyo mtajie daktari mkono uliochanjwa na tarehe. Pale ambapo jibu lingebadilisha matibabu, madaktari mara nyingi huchukua kinyama cha mahali hapo na kukichunguza kwa hadubini, na ninaona mgonjwa ana haki ya kuuliza kama hilo limefikiriwa kabla hajaambiwa kwamba saratani imesambaa.

Na pasipong'aa, je, nimesalimika?

Si lazima. Uvimbe mdogo, hasa ulio chini ya milimita 8 hivi, unaweza usionekane, na baadhi ya saratani za tezi dume, za ini na zile zinazokua polepole hazina njaa kubwa ya sukari. Kwa baadhi yake hutumika vifuatiliaji vingine, kama vile vinavyoshikamana na PSMA, protini iliyo kwenye seli za saratani ya tezi dume, ambavyo ufyonzaji wake husomwa kwa vigezo tofauti kabisa.

Nimetibiwa, na ufyonzaji umepungua lakini haujaisha. Nielewe nini?

Kupungua kwa kawaida ni dalili njema, ingawa mabadiliko madogo yanaweza kuwa tofauti ya upimaji tu; vigezo vya PERCIST vya kupima mwitikio wa tiba kwa PET, vilivyochapishwa mwaka 2009, hudai ufyonzaji ushuke kwa angalau asilimia 30 kabla ya kusema uvimbe umeitikia tiba. Kwa limfoma (saratani za mfumo wa limfu) nyingi hutumika mizani ya Deauville yenye ngazi 1 hadi 5, inayolinganisha ufyonzaji uliobaki na ule wa damu ya kifuani na wa ini: ngazi ya 1 na ya 2 huhesabiwa kuwa mwitikio kamili, ya 3 nayo mara nyingi, ilhali ya 4 na ya 5 huhitaji uchunguzi zaidi. Muda nao una uzito mkubwa, kwa kuwa tiba ya mionzi huacha tishu zilizovimba kwa kuathiriwa na mionzi, si kwa saratani, ambazo hufyonza FDG, na kwa kawaida hushauriwa kusubiri miezi 3 hivi kabla ya kupima. Sindano za kuongeza chembe nyeupe za damu nazo hufanya uboho wa mifupa ung'ae kote, jambo linaloweza kumshtua asiyejua kwamba zilitolewa.

Nifanye nini ili matokeo yaaminike?

Funga kula kwa saa 4 hadi 6 au kama ulivyoelekezwa, kunywa maji matupu, epuka mazoezi mazito siku iliyotangulia, na ujifunike usipate baridi, kwa sababu mafuta ya kahawia ya shingoni hufyonza FDG mwili unapojipasha joto. Mwenye kisukari apange dawa zake na daktari mapema. Nenda na picha zako za zamani zenyewe, si ripoti tu, ili msomaji aweke ya leo kando ya ya awali, na kipimo cha kurudia kikiwezekana kifanyike kwenye mashine ileile.